Mabati Yaliyooshwa kwa Kalamu

Ipo nchi moja, wala haiko mbali, ambayo jina lake halitatajwa hapa kwa sababu tulipoanza kuandika haya lilikuwa limepelekwa wizarani kupigwa msasa. Nchi hiyo ina milima, ina mito miwili, ina mbuzi wengi wenye tabia nzuri, na ina serikali inayowapenda wananchi wake kiasi cha kuwatazama mara kwa mara kutoka angani.

Siku moja Mkuu wa Nchi alikuwa akirejea kutoka safari ya kikazi ya kwenda kupumzika. Ndege ilipoinama ili itue, akachungulia dirishani akaona mapaa ya mji mkuu. Mengine yalikuwa na kutu, mengine mapya yaking'aa hadi kumchoma macho, na mengine nusu kwa nusu, kama meno ya mtu aliyeanza kuyatibu akaghairi. Kisha akauliza, "Hivi ndivyo Mungu anavyotuona?"

Kabla magurudumu hayajagusa ardhi, Wizara ya Mwonekano wa Juu ilikuwa imekwisha kuundwa, na bwana mmoja aliyekuwa ameketi karibu na mlango ndiye aliyekuwa waziri wake. Huyo ndiye Mheshimiwa Daktari Mhandisi Pongwa. Udaktari alitunukiwa na chuo kilichohitaji kiwanja, na uhandisi alijitunuku mwenyewe wakati wa likizo.

Amri ya kwanza ya wizara ilitoka jioni ileile. Kila paa la bati katika mji mkuu lipulizwe rangi nyekundu ya kigae katika siku ishirini na moja, kwa sababu siku ya ishirini na mbili Mgeni Mashuhuri kutoka ng'ambo alikuwa apite. Tuseme kweli, hakuwa anakuja. Alikuwa akienda nchi nyingine, na angepita juu tu, mita elfu kumi na moja kutoka ardhini. Lakini kupita juu ndiko hasa kulikoihusu wizara.

*

Katika mji huo aliishi Melkiori Ngaida, fundi wa kupuliza rangi. Alikuwa na miaka hamsini na mitatu, kompresa moja ya kusukuma hewa iliyokohoa kila ilipowashwa, na sala fupi aliyoisali kila alipokanyaga daraja la kwanza la ngazi: "Bwana, nishike mimi huku juu, na rangi yangu uishikishe."

Kwa miaka ishirini na saba hakuna rangi yake iliyobanduka. Siri yake haikuwa siri. Aliosha. Bati la zinki linapotoka kiwandani huja limepakwa mafuta mepesi yasiyoonekana, na rangi haishiki juu ya mafuta. Kwa hiyo Melkiori aliliosha kwa sabuni, akalisugua, akalipangusa kwa siki, akalisuuza, akaliacha likauke kabisa, akalipuliza praima ya zinki, ile rangi ya chini ya kushikisha, ndipo akagusa rangi yenyewe. Na rangi ya mafuta hakuitumia kamwe. Rangi ya mafuta ikikaa juu ya zinki hugombana nayo kimyakimya, na katikati ya ugomvi wao huzaliwa kitu cha kuteleza, sabuni hasa. Juu utaona rangi nzuri inayokutazama usoni, kumbe chini yake imekwisha kuachia. Mvua ya kwanza huondoka nayo.

Wateja walilalamika. "Fundi, siku mbili unaosha tu? Tumekuita upake au ufue?" Naye aliwajibu, "Vumilieni. Ninayemwogopa haangalii rangi."

Kitu kimoja kilimwaibisha: hakujua kuandika. Maisha yake yote alikuwa mtu wa dole gumba. Makarani walimsogezea kile kidau cha wino bila hata kumwuliza, halafu wakamtupia kitambaa cha kujifutia. Mwaka huo akajiunga na darasa la jioni la watu wazima, akaketi kwenye dawati la watoto magoti yakiwa yamegonga kidevu, mbele ya Mwalimu Dorika aliyekuwa na umri wa bintiye wa mwisho.

"Baba Ngaida, hiyo K inaanguka."

"Inaanguka, Mwalimu. Nimeiwekea mguu, bado inaanguka."

"Mguu umeuweka nyuma. Uweke mbele."

Darasa likacheka, naye akacheka pia. Ilimchukua miezi mitano. Siku alipoandika jina lake lote bila kuangalia ubao, aliipeleka nyumbani ile karatasi akaiweka juu ya Biblia, akapiga magoti. Hakuomba utajiri. Aliomba kwamba jina lile asiliandike mahali popote ambapo Mungu angelisoma kwa huzuni.

*

Ofisi ya waziri ilikuwa ghorofa ya juu kabisa, na watu walipanda kwa miguu, kwa sababu lifti haionekani kutoka angani. Melkiori aliitwa huko kwa kuwa sifa zake zilikuwa zimefika. Alimkuta Mheshimiwa Pongwa pamoja na katibu wake, Bwana Lubinza, mtu mpole aliyeandika kila kitu.

"Fundi," alisema waziri, "taifa linataka wekundu."

"Litaupata, mheshimiwa. Ila kwanza tuoshe."

"Tuoshe nini?"

"Mabati, mheshimiwa."

"Yamechafuka?"

"Hata yale masafi. Hasa yale masafi, mheshimiwa, yale mapya."

Waziri alimgeukia katibu. "Andika kwamba fundi anataka kuosha vilivyo safi." Kisha akaegemea kiti. "Hebu niambie. Bati lililooshwa na bati ambalo halikuoshwa, yakishapakwa, ukiwa mita elfu kumi na moja utayatofautisha?"

"Hapana, mheshimiwa."

"Ukiwa mita mia moja?"

"Hapana."

"Ukiwa umelikalia?"

Melkiori alifikiri, maana hakutaka kusema uongo. "Siku hiyohiyo, hapana."

"Basi tusigombane na sayansi. Rangi ipo. Ilibaki kwenye mradi wa kingo za barabara, mapipa na mapipa."

"Hiyo ni rangi ya mafuta, mheshimiwa. Juu ya zinki itatengeneza sabuni."

"Yenyewe?"

"Yenyewe, mheshimiwa."

"Bila serikali kununua sabuni?" Waziri alisimama, amefurahi kweli. "Lubinza, andika hilo. Mradi utajitengenezea sabuni."

Ilibaki kazi moja ndogo, nayo ilikuwa ya Bwana Lubinza. Alifungua kabati akatoa Fomu ya Uthibitisho wa Kuosha, moja kwa kila paa, na mapaa yalikuwa elfu nne mia moja na kumi na mawili.

"Lakini hatutaosha," alisema Melkiori.

"Ndiyo maana kuna fomu," alisema Bwana Lubinza kwa upole, kama mtu anayemweleza mgonjwa. "Tungekuwa tunaosha, fomu ingekuwa ya nini? Mtu angepanda akaona. Sheria inasema kupaka bila kuthibitisha kuosha ni kosa. Haisemi kupaka bila kuosha. Sasa, mzee wangu, unajua kusaini, au nikuletee ule wino wa dole?"

Chumbani mlikuwa na watu tisa, wengi wao maofisa waliokaa pembeni, na wote waligeuka.

Lilikuwa swali ambalo Melkiori alilisubiri tangu ujana wake. Alikuwa amelijibu mara nyingi akiwa peke yake, akichanganya rangi. "Najua," akasema, na neno lilitoka kabla moyo haujapata nafasi ya kumshika mkono. Akapewa kalamu. Akapewa na kofia ngumu nyeupe iliyoandikwa FUNDI MKUU WA TAIFA. Akainama, akaandika: Melkiori Ngaida. K ilianguka kidogo. Watu wakapiga makofi.

Ilikuwa mara yake ya kwanza kuandika jina lake nje ya darasa.

*

Alisaini kwa wiki mbili, huku mafundi mia mbili waliowekwa chini yake wakipuliza. Alisaini juu ya mapipa, juu ya magoti, juu ya mgongo wa fundi mwenzake aliyeinama kufunga kamba ya kiatu. Kufikia fomu ya mia sita, K ilikuwa imesimama. Kufikia ya elfu mbili, ilikuwa nzuri kuliko ya Mwalimu Dorika, naye akaomba fomu moja akaibandika ukutani darasani. "Tazameni," aliwaambia wanafunzi wenzake Melkiori, akina mama wauza mboga na wazee walinzi. "Mwezi wa pili huyu alikuwa hajui kushika kalamu." Melkiori alitazama sakafu. Wakadhani ni unyenyekevu, wakazidi kumsifu.

Kitu kimoja kilikuwa kimebadilika. Alipokanyaga ngazi, sala ilimwishia katikati. "Bwana, nishike mimi huku juu," alisema, halafu akanyamaza. Hakuweza kuomba rangi ishike, maana alijua haitashika, na alijua na Mungu anajua.

Siku ya kumi na tisa wakafika kupaka zahanati ya kinamama, ambako mdogo wake Prisila alikuwa mkunga. Zahanati haikuwa na maji ya bomba. Ilikunywa mvua. Maji ya paa yaliingia kwenye mfereji, mfereji ukamwaga kwenye tangi kubwa lililokuwa pembeni ya wodi, na tangi hilo ndilo lililopika uji, likafua mashuka na kuwaogesha watoto waliozaliwa. Prisila alikuwa ameshika bisibisi, amesimama kwenye stuli chini ya mfereji.

"Kaka, nataka niufungue huu mfereji niutenganishe na tangi mpaka mvua mbili tatu zipite. Nasikia mitaani huko mnapaka bila kuosha."

Bwana Lubinza alikuwa hatua tatu nyuma, daftari mkononi.

"Kaka," Prisila alisema tena. "Siku mbili hizi sikuwa zamu. Hili paa umeosha?"

Melkiori alifungua kinywa. Angeweza kusema neno moja tu. Badala yake mkono ukaenda kwenye mkoba, ukatoa fomu ya paa lile, ukampa.

Prisila aliisoma. Alipofika chini, uso wake ulibadilika. "Ni wewe? Umeandika mwenyewe?" Akashuka kwenye stuli. Akawaita wauguzi wenzake. "Njooni muone! Kaka yangu huyu! Mama amekufa akisema, nani atamfundisha Melkiori kuandika!" Akamkumbatia, akalia kwenye bega lake lenye rangi. Kisha akaitia bisibisi mfukoni na mfereji akauacha jinsi ulivyokuwa.

"Umeandika kwa mkono wako," alisema. "Inanitosha."

Alasiri ile Melkiori alilipuliza paa la zahanati yeye mwenyewe. Alipuliza vizuri kuliko mapaa yote, tabaka jembamba, sawasawa, bila tone kuning'inia. Alipuliza akilia ndani ya barakoa, na barakoa ilimfaa, kwa kuwa hakuna aliyeona.

*

Siku ya ishirini na mbili wananchi walipangwa viwanjani, watazame juu na kutabasamu. Bendi ilipiga. Mji ulikuwa mwekundu, na lazima tukiri ulipendeza. Saa tisa kasoro robo ndege ikasikika, kwa sababu kuonekana haikuonekana: wingu zito lilikuwa limetanda mji mzima. Baadaye redio ilitangaza kwamba Mgeni Mashuhuri aliguswa sana na alichokiona. Rubani alieleza kwamba Mgeni alikuwa amelala, lakini alikoroma kwa namna ya kuridhika.

Wingu lile halikuwa limepewa maelekezo. Likanyesha.

Kwanza mifereji ilitoa povu. Watu wakadhani ni sehemu ya sherehe. Kisha rangi ikaanza kubanduka, vipande vikubwa kama mashuka, ikateleza juu ya sabuni yake yenyewe na kuanguka mabarabarani. Bibi mmoja alifunikwa na rangi ya paa la jirani, akatoka mwekundu akitukana vizuri sana. Mbuzi walikimbilia ndani. Baada ya nusu saa mabati yalikuwa matupu tena, yameoshwa kuliko ambavyo fundi yeyote angeweza kuyaosha.

Melkiori hakuona hayo. Tone la kwanza lilipomgonga mkononi alikuwa ameanza kukimbia. Alifika zahanati amepoteza kiatu kimoja, akamkuta Prisila amesimama mvuani mbele ya tangi, ameufungua mfuniko. Ndani yake maji yalikuwa mekundu, na juu yake povu limejaa hadi ukingoni. Wodini walikuwemo kinamama kumi na mmoja, wawili wakiwa na uchungu.

Prisila hakupiga kelele. Ingekuwa afadhali.

"Mfereji niliuacha kwa sababu ya jina lako," alisema, akatoka kwenda kuomba majirani ndoo ya maji ya kisima.

*

Serikali ilisema mvua ile haikuwa rasmi. Hata hivyo, kwa kuwa inajali, iliunda Tume, na Tume ikaweka hema mbele ya zahanati, kwa sababu Prisila alikuwa ametenda kosa: alilifunga bomba la tangi kwa kufuli, akaomba kibali cha kulimwaga.

Mheshimiwa Pongwa mwenyewe alikuwa mwenyekiti. Prisila alileta ndoo iliyojaa maji ya tangi, akaiweka mezani.

"Huu wekundu," aliuliza waziri, "ni wa maji au wa ndoo?"

"Ndoo ni ya bluu, mheshimiwa."

"Usiingize siasa. Lubinza, soma."

Bwana Lubinza alisoma hitimisho, ambalo lilikuwa limeandikwa juzi yake. Mabati yote yalioshwa, kama zinavyothibitisha fomu elfu nne mia moja na kumi na mbili. Bati lililooshwa halibandui rangi. Kwa hiyo rangi haikubanduka. Maji yaliyotoka kwenye paa lililooshwa ni maji safi kwa mujibu wa sheria, na kumwaga maji safi ya umma ni hujuma. Mkunga afungue kufuli, kinamama watumie maji yao leo hii. Asipofungua, atawekwa ndani na kufuli itavunjwa. Na kwa kuwa kazi ilifanyika kwa uaminifu, Fundi Mkuu wa Taifa anatunukiwa Nishani ya Mkono Safi.

"Fundi, njoo," alisema waziri. "Saini hapa kwamba hitimisho ni sahihi, tukuvishe."

Watu walikuwa wengi. Mwalimu Dorika alikuwepo na darasa lake la jioni, wamekuja kumpongeza mwenzao. Melkiori alitembea kwenda mezani akihisi kila jicho kama mkono mgongoni. Prisila alikuwa upande wa pili wa ndoo, naye peke yake ndiye aliyekuwa hamtazami. Alikuwa ameushika ufunguo wa kufuli kwenye ngumi.

Kalamu ikawekwa mbele yake. Akaishika. Midomo yake ilikuwa ikitembea, na waliokuwa karibu walidhani anatafuta jinsi ya kuanza jina. Alikuwa akisali, na safari hii sala ilifika mwisho.

Halafu akaandika neno ambalo hakuwahi kufundishwa, na kwa kuwa hakulijua alilitafuta herufi kwa herufi, kwa sauti, jinsi wanavyofanya darasani.

"S," alisema. "I." Akameza mate. "K." Na K ile ilisimama wima kabisa, maana alikuwa ameifanyia mazoezi mara elfu nne mia moja na kumi na mbili.

Mwalimu Dorika, bila kujua anachofanya, alianza kumsaidia kwa midomo tu. "U," alisema Melkiori. "O." Kalamu ikazunguka duara. "S. H." Machozi yalikuwa yakianguka juu ya karatasi naye akayakinga kwa kiganja yasifike kwenye wino. "A."

Akaliweka jina lake chini.

"Amesema nini?" aliuliza waziri.

"Sikuosha," alisoma Bwana Lubinza.

"Soma tena."

"Ndiyo hilo tu, mheshimiwa. Sikuosha. Melkiori Ngaida."

"Na zile fomu?"

"Nilidanganya," alisema Melkiori. Akaweka kalamu chini, akarudia. "Nilidanganya, mheshimiwa. Nilimdanganya na mdogo wangu. Nilipenda mno kuulizwa kama najua kusaini."

Mmoja wa akina mama wa mboga alisema "Yesu wangu," akajifunika uso kwa kanga. Waziri aliwaka, akataka karatasi ile ichanwe. Lakini Bwana Lubinza, aliyekuwa mtu wa taratibu kuliko mtu wa waziri, alikohoa kwa upole. Sheria, alisema, inatamka kwamba sahihi mbili za mtu mmoja zikigongana, inatumika ya mwisho. Na ya mwisho imekwisha kukauka.

*

Hivyo tangi likamwagwa. Prisila alifungua kufuli mwenyewe, na maji mekundu yakatembea uani hadi barabarani mchana kutwa. Mheshimiwa Pongwa alihamishiwa Wizara ya Mwonekano wa Pembeni, ambako anafanya vizuri. Melkiori alivuliwa kofia, na kwa kuwa alikuwa ameikosea karatasi ya serikali, alihukumiwa kuosha mapaa yote elfu nne mia moja na kumi na mawili, kwa mikono yake, kwa ngazi yake, asipake kitu.

Watu walimhurumia. Yeye aliona amepewa kidogo.

Alianzia zahanati. Alipanda asubuhi na ndoo, brashi, na chupa ya siki, akasugua kila mfinyo wa bati, akachokoa rangi iliyoganda kwenye vichwa vya misumari. Wiki nzima Prisila alipita chini bila kuinua uso, akibeba ndoo za kisima ambazo zisingekuwa na haja kama kaka yake angesema kweli. Melkiori alizihesabu kwa sauti ya miguu yake, na kila moja ilimwingia.

Siku ya nane ngazi ilitikisika kidogo, halafu ikatulia. Akatazama chini. Mdogo wake alikuwa ameishika kwa mikono miwili.

"Kaka," alisema. Hakutabasamu. "Umeosha?"

Paa lilikuwa linang'aa. Mtu yeyote angesema ndiyo. Ndege ilikuwa ikipita juu, na kutoka huko bila shaka kila kitu kilionekana kimekamilika. Melkiori akapitisha kidole chini ya kichwa cha msumari, kikatoka na kipande chekundu kisichozidi punje ya mchele.

"Bado, mdogo wangu," akasema. Akachovya brashi.